Oktoba 1962: Vita Vilivyozuiwa na Ahadi Isiyoandikwa

Alasiri ya Jumatatu, tarehe 22 Oktoba 1962, Rais John F. Kennedy wa Marekani alimpokea Ikulu Waziri Mkuu wa Uganda, Milton Obote, ambaye nchi yake ilikuwa haijatimiza hata wiki mbili tangu ishushe bendera ya Uingereza. Wakazungumza mambo ya Afrika. Ilipotimu saa moja jioni kwa saa za Washington, mwenyeji huyo huyo alikaa mbele ya kamera za televisheni na kuutangazia ulimwengu kwamba Umoja wa Kisovieti ulikuwa umeweka kwa siri makombora ya nyuklia nchini Cuba, na kwamba kombora lolote litakalorushwa kutoka kisiwa hicho kwenda nchi yoyote ya bara la Amerika litahesabiwa kuwa shambulio la Wasovieti dhidi ya Marekani, nalo litajibiwa kikamilifu.

Simulizi ya yaliyofuata imekaririwa kwa zaidi ya miaka sitini, na kwa kawaida hukaririwa hivi: Kennedy alikaza, kiongozi wa Kisovieti Nikita Khrushchev akaogopa, makombora yakaondoka. Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, Dean Rusk, ndiye aliyeipa simulizi hiyo umbo lake aliposema kwamba pande mbili zilikuwa zimekodoleana macho na yule wa pili ndiye aliyepepesa kwanza. Ni simulizi tamu, na haikosi chembe ya ukweli, lakini imeliacha nje jambo lililouamua mgogoro wenyewe. Vita vya nyuklia viliepukwa kwa sababu kila upande ulilegeza kamba, mmoja hadharani na mwingine kwa siri, na siri ile ile iliyosaidia kuiokoa amani mwezi Oktoba ikaja kuwafundisha viongozi waliofuata funzo lisilo sahihi. Anayeisifu diplomasia ya mwaka 1962 bila kulitaja hili la pili anasifu nusu ya habari.

Khrushchev hakupeleka makombora Cuba kwa wazimu. Mwezi Aprili 1961 Marekani ilikuwa imewapa silaha na kuwasafirisha Wacuba waliokimbia mapinduzi ili wamwondoe kiongozi wa Cuba, Fidel Castro, wakashindwa vibaya katika Ghuba ya Nguruwe, na kuanzia Novemba mwaka huo shirika la ujasusi la Marekani likaendesha mpango wa hujuma dhidi ya serikali ya Havana. Kwa upande mwingine, Marekani ilikuwa mbele sana kwa idadi ya silaha za nyuklia zinazoweza kumfikia adui, na ilikuwa imeweka makombora ya aina ya Jupiter nchini Italia na Uturuki, yale 15 ya Uturuki yakiwa katika nchi iliyopakana na Wasovieti. Kuweka makombora ya masafa ya kati Cuba kulionekana Moscow kama njia rahisi ya kumlinda mshirika na kuziba pengo kwa mkupuo mmoja. Kosa la Khrushchev lilikuwa usiri na uongo. Alimtuma Waziri wake wa Mambo ya Nje, Andrei Gromyko, ambaye tarehe 18 Oktoba alimhakikishia Kennedy ana kwa ana kwamba silaha zilizopelekwa Cuba ni za kujihami tu, wakati picha zilizopigwa na ndege ya upelelezi ya U-2 siku nne kabla zilikuwa tayari mikononi mwa rais huyo. Hata balozi wa Kisovieti mjini Washington, Anatoly Dobrynin, hakuambiwa na serikali yake kwamba makombora yako kisiwani. Kwa hiyo alikuwa akiwadanganya Wamarekani bila kujua, na ni ajabu ya mgogoro huu kwamba mtu huyo huyo ndiye aliyekuja kuwa mlango ambao amani ilipitia.

Kennedy aliarifiwa asubuhi ya tarehe 16, akahutubia taifa tarehe 22. Siku hizo sita za ukimya hazizungumzwi sana, ingawa kwa maoni yangu ndizo zilizoamua kama kutakuwa na nafasi yoyote ya kuzungumza. Siku ya kwanza, karibu kila aliyekuwa katika kamati ya washauri aliyoiunda rais alitaka kisiwa kishambuliwe kwa ndege. Lau kama Kennedy angelazimika kuamua mbele ya magazeti na Bunge siku hiyo hiyo, huenda mabomu yangeanza kudondoka kabla ya wiki kwisha. Kadiri siku zilivyosonga, maswali yaliongezeka: je, ndege zinaweza kuyateketeza makombora yote? Mkuu wa vikosi vya mashambulizi ya anga alikiri kwamba hawezi kuahidi hivyo. Na Wasovieti watakaouawa huko, Khrushchev atawalipizia kisasi wapi, kama si Berlin, mji wa Ujerumani ambao upande wake wa magharibi ulizungukwa na eneo la Wasovieti na washirika wao? Mkuu wa Jeshi la Anga, Jenerali Curtis LeMay, hakuridhishwa na kusitasita huko. Tarehe 19 alimwambia rais usoni kwamba kuzuia meli tu ni jambo baya karibu sawa na kule kumbembeleza Hitler kulikofanyika Munich mwaka 1938. Ilikuwa kauli ya kuuma, kwani baba yake Kennedy ndiye aliyekuwa balozi wa Marekani mjini London wakati wa Munich, akiunga mkono siasa hiyo ya kubembeleza.

Kilichochaguliwa ni kuzuia meli zinazopeleka silaha Cuba, hatua iliyopewa jina la karantini kwa kuwa mzingiro kamili wa baharini ni tendo la vita katika sheria za kimataifa. Tarehe 23 Jumuiya ya Nchi za Amerika iliiunga mkono, jambo lililoipa Marekani kivuli cha uhalali ambacho isingekipata kama ingetenda peke yake. Wako wanaoliona jambo hilo kuwa mapambo ya kisheria tu. Nadhani wanakosea, kwa sababu hatua iliyobuniwa isiwe vita ilimpa Khrushchev nafasi ya kujibu kwa njia isiyokuwa vita, na huo ndio muda ambao wapatanishi waliuhitaji.

Mpatanishi wa kwanza alikuwa U Thant wa Burma, Kaimu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa. Alikuwa ameshika nafasi hiyo tangu Novemba 1961, baada ya Dag Hammarskjöld kufa katika ajali ya ndege karibu na Ndola alipokuwa njiani kutafuta suluhu ya Katanga, jimbo la Kongo lililokuwa limejitenga. Moscow ilikuwa imemshambulia sana Hammarskjöld kwa mambo ya Kongo, hata ikadai cheo chake kigawanywe kwa watu watatu. Safari hii ilimsikiliza mrithi wake. Tarehe 24, baada ya kuombwa na wawakilishi wa nchi nyingi zisizofungamana na upande wowote, U Thant aliwaandikia wakubwa wawili barua zinazofanana, akiwaomba wasimamishe kwa wiki mbili au tatu upelekaji wa silaha kwa upande mmoja na karantini kwa upande wa pili. Khrushchev alikubali haraka. Kennedy hakukubali, kwa kuwa barua ile haikusema lolote kuhusu ujenzi uliokuwa ukiendelea kwenye vituo vya makombora. Siku iliyofuata U Thant akabadili ombi kwa namna ya busara kubwa: akamtaka Khrushchev aziweke meli zake mbali na eneo la karantini, na akamtaka Kennedy aepuke mapambano ya moja kwa moja na meli hizo. Wote wawili wakakubali. Kiongozi ambaye asingeweza kusema mbele ya majenerali wake kwamba amemtii adui aliweza kusema kwamba ameitikia wito wa Umoja wa Mataifa.

Ndani ya Baraza la Usalama, wakati balozi Adlai Stevenson wa Marekani akimbana Valerian Zorin wa Umoja wa Kisovieti mbele ya picha za angani, Ghana na Jamhuri ya Muungano wa Kiarabu, yaani Misri ya Gamal Abdel Nasser, ziliwasilisha rasimu ya azimio la kumtaka Katibu Mkuu azungumze na wahusika. Rasimu za wakubwa zingekwama kwenye kura ya turufu, na majibizano ya Stevenson na Zorin, yenye msisimko wote ule kwenye televisheni, hayakubadili chochote. Rasimu ya wadogo ndiyo iliyoacha mlango wazi. Tarehe hiyo hiyo 25 Oktoba Uganda iliingizwa rasmi katika Umoja wa Mataifa, ikawa mwanachama katika siku ambayo haikujulikana kama chombo chenyewe kitafika Novemba.

Afrika Magharibi nayo ilikuwa na sehemu yake, isiyotajwa mara nyingi. Karantini ilikuwa ya baharini, na Washington iliogopa kwamba vichwa vya nyuklia vingeweza kupelekwa Cuba kwa ndege, ambazo zingehitaji kutua njiani kuongeza mafuta. Viwanja vilivyofaa vilikuwa Dakar na Conakry. Léopold Senghor wa Senegal alikubali kuzinyima ndege za Kisovieti ruhusa ya kutua. Kwa Sékou Touré wa Guinea uamuzi ulikuwa mzito zaidi, kwani tangu aliposema hapana kwa Ufaransa mwaka 1958 alikuwa amepata misaada mingi kutoka Moscow. Naye akakataa. Rais wa nchi changa aliyekuwa na deni la fadhila kwa mmoja wa wakubwa aliona kwamba kutofungamana na upande wowote kunamtaka asiukubali uwanja wake utumike kwa vita vya wengine, na msimamo huo nauhesabu kuwa diplomasia sawa na barua yoyote iliyoandikwa Kremlin.

Baharini kwenyewe hapakutokea lile tukio la meli mbili kusimama uso kwa uso ambalo Rusk aliliwazia. Khrushchev alikuwa ameshaamuru meli zake zilizobeba silaha zigeuze tangu tarehe 23, nazo zilikuwa mamia ya maili kutoka kwenye mstari wa manowari za Marekani. Kennedy kwa upande wake aliiacha meli ya mafuta ya Kisovieti ipite tarehe 25 bila kupekuliwa. Meli ya kwanza kupandwa na mabaharia wa Marekani, tarehe 26, ilikuwa Marucla, iliyosajiliwa Lebanon na kukodiwa tu na Wasovieti. Ilichaguliwa kwa makusudi: karantini ionekane inafanya kazi, na bendera ya Kisovieti isiguswe.

Jioni ya siku hiyo ilifika barua ndefu ya Khrushchev, iliyoandikwa kwa sauti ya mtu aliyekosa usingizi. Ndani yake alimsihi Kennedy kwamba wasiendelee kuvuta ncha mbili za kamba iliyofungwa fundo la vita, kwa kuwa kadiri wanavyovuta ndivyo fundo linavyokaza, mpaka ifike wakati hata aliyelifunga asiweze kulifungua. Alidokeza mapatano: Marekani iahidi kutoivamia Cuba, na sababu ya kuwepo kwa silaha za Kisovieti kisiwani itakwisha. Asubuhi iliyofuata, Jumamosi tarehe 27, Radio Moscow ikatangaza barua nyingine yenye sauti kavu, ikitaka kwamba Marekani iondoe pia makombora yake Uturuki.

Kanda za mikutano ya Ikulu, ambazo Kennedy alizirekodi bila wengi wa washauri wake kujua, zinaonyesha siku hiyo kitu ambacho simulizi ya ushujaa haikitaji. Karibu chumba kizima kilikuwa kikipinga kubadilishana Uturuki na Cuba, kwa hoja kwamba Uturuki ni mwanachama wa NATO, muungano wa kijeshi wa Marekani na washirika wake, na kuuza usalama wake kungevunja imani ya washirika wote. Aliyerudi tena na tena kwenye jambo hilo alikuwa rais mwenyewe. Aliwaambia kwamba mtu yeyote wa Umoja wa Mataifa, au mtu yeyote mwenye akili timamu, ataliona badilishano hilo kuwa la haki, na kwamba itakuwa vigumu sana kuueleza ulimwengu kwa nini wameingia vitani kwa ajili ya makombora ya Uturuki ambayo wao wenyewe waliyaona yamepitwa na wakati. Heri nusu shari kuliko shari kamili, ndivyo angesema kama angezaliwa pwani yetu.

Mtu mwingine wa kutajwa hapa ni Llewellyn Thompson, aliyekuwa balozi Moscow na kumfahamu Khrushchev hata nyumbani kwake. Kennedy aliposhuku kwamba makombora hayatatoka Cuba kwa mazungumzo, Thompson alimpinga waziwazi, akamweleza kwamba kitu anachokihitaji Khrushchev ni uwezo wa kusema kwamba ameiokoa Cuba na kuzuia uvamizi. Ndani ya chumba chenye majenerali na mawaziri, yeye ndiye aliyeweza kueleza adui anahitaji nini ili arudi nyuma na bado awe na uso wa kuwatazama wenzake. Serikali nyingi huwaweka pembeni watu wa aina hii kwa kisingizio kwamba wamekaa ugenini mpaka wakaanza kuwaza kama wageni.

Siku hiyo hiyo kila kitu kilielekea kuharibika. Ndege ya U-2 ya Meja Rudolf Anderson ilitunguliwa juu ya Cuba na rubani akafa. Amri ilitolewa na maofisa wa Kisovieti waliokuwa kisiwani bila idhini ya Moscow. Washauri wa Kennedy walikuwa wamekubaliana mapema kwamba ndege ikitunguliwa, kituo kilichoitungua kitashambuliwa, lakini rais akaamuru wangoje. U-2 nyingine ikapotea njia karibu na Ncha ya Kaskazini na kuingia anga ya Siberia. Na chini ya Atlantiki, nyambizi ya Kisovieti B-59, yenye torpido moja ya nyuklia, ilikuwa ikisukumwa ijitokeze juu kwa mabomu madogo ya ishara yaliyodondoshwa na manowari za Marekani. Kwa mujibu wa simulizi ya ofisa mmoja aliyekuwemo, nahodha Valentin Savitsky, aliyekuwa hana mawasiliano na Moscow na pengine akidhani vita vimeshaanza, aliamuru torpido hiyo iandaliwe, na Vasili Arkhipov, ofisa mwenye cheo sawa na chake, akamtuliza mpaka nyambizi ikapanda juu bila kurusha kitu. Katika saa hizo hapakuwa na balozi wala barua ambayo ingeweza kufika chini kule. Nawaonea shaka wanaoandika kuhusu Oktoba 1962 kana kwamba werevu wa viongozi ulitosha. Uliwafikisha Jumamosi jioni. Sehemu iliyobaki ilikuwa bahati, pamoja na tabia ya mtu mmoja ambaye hata jina lake halikujulikana nje ya jeshi lake kwa miaka mingi.

Saa mbili kasorobo usiku, Mwanasheria Mkuu Robert Kennedy, mdogo wake rais, alikutana na Dobrynin katika ofisi yake ya Wizara ya Sheria. Muda mfupi kabla ya hapo watu wachache walikuwa wamekusanyika katika ofisi ya rais na kukubaliana, kwa pendekezo la Rusk, juu ya kitakachosemwa. Jibu rasmi kwa Khrushchev lingeshika barua yake ya kwanza: ondoa makombora chini ya usimamizi wa Umoja wa Mataifa, nasi tutaahidi kutoivamia Cuba. Barua ya pili ingejibiwa kwa mdomo tu. Robert Kennedy alimwambia balozi kwamba muda umebaki mdogo mno, kwamba majenerali wanashinikiza, na kwamba Jupiter za Uturuki zitaondolewa katika muda wa miezi minne au mitano, ila jambo hilo lisitangazwe kamwe wala lisiwekwe kwenye maandishi. Dobrynin alipoleta baadaye barua ya Khrushchev iliyoyataja mapatano hayo kwa maandishi, alirudishiwa.

Rais alikuwa na akiba nyingine ambayo Rusk aliifichua mwaka 1987: kama Khrushchev angekataa, msomi mmoja wa Chuo Kikuu cha Columbia, Andrew Cordier, aliyewahi kufanya kazi Umoja wa Mataifa, angepewa ishara amwombe U Thant apendekeze hadharani badilishano la Uturuki na Cuba, na Kennedy angelikubali. Haikuhitajika. Jumapili tarehe 28 viongozi wa Kisovieti walikutana katika nyumba ya serikali nje ya Moscow, Khrushchev akiwa tayari anaelekea kurudi nyuma, na taarifa ya Dobrynin ikawakuta hapo hapo kikaoni. Kwa kuwa simu za maandishi za kibalozi zilichukua saa nyingi kufika na kufasiriwa, jibu lilikimbizwa kituo cha redio, na saa tatu asubuhi kwa saa za Washington ulimwengu ukasikia kwamba makombora yatafungashwa na kurudishwa kwao.

Vitabu vingi hufunga hadithi hapa. Havana haikuifunga. Castro, ambaye usiku wa kuamkia tarehe 27 alikuwa amemwandikia Khrushchev kwamba kama Marekani itaivamia Cuba, Wasovieti wasisubiri kupigwa kwanza kwa silaha za nyuklia, aliisikia habari ya kuondolewa kwa makombora kupitia vyombo vya habari kama mtu mwingine yeyote. Nchi ambayo ardhi yake ilikuwa ikibishaniwa haikuulizwa. Alikasirika, akatoa masharti yake matano, likiwemo la Marekani kuondoka Guantánamo, kambi yake ya kijeshi kisiwani humo, na akakataa katakata wakaguzi wa Umoja wa Mataifa, hata U Thant alipokwenda mwenyewe Havana mwishoni mwa Oktoba. Ukaguzi ukalazimika kufanyika baharini: mabaharia wa Kisovieti wakifunua maturubai kwenye sitaha ili ndege za Marekani ziyahesabu makombora 42, fedheha ambayo jeshi lao halikuisahau.

Mtu aliyetumwa kumtuliza Castro alikuwa Anastas Mikoyan, mkongwe wa chama, aliyefika Havana tarehe 2 Novemba. Siku iliyofuata mke wake alifariki Moscow. Mikoyan alimruhusu mwanawe arudi kuzika, yeye akabaki. Kwa wiki tatu alikaa na mtu aliyeamini kwamba amesalitiwa, akimsikiliza, akivumilia siku ambazo hakupokelewa kabisa, huku Wamarekani wakiongeza dai kwamba ndege za mabomu za Il-28 nazo ziondoke. Castro alikubali tarehe 19, na siku iliyofuata Kennedy akatangaza kuondoa karantini.

Kitu ambacho Washington haikukijua ni kwamba kisiwani palikuwa pia na silaha ndogo za nyuklia za uwanja wa vita, zilizokusudiwa kutumika dhidi ya jeshi litakaloshuka ufukweni. Palikuwa pia na askari wa Kisovieti wapatao 42,000, wakati makadirio ya Marekani yalikuwa takribani elfu kumi. Silaha hizo hazikuwa katika mapatano yoyote, na Castro alitaka zibaki. Tarehe 22 Novemba Mikoyan, aliyekuwa amemwona mwenyeji wake vya kutosha kujua hatari ya kumwachia, alimweleza kwamba sheria ya Kisovieti inakataza kuipa nchi nyingine silaha za nyuklia. Wasomi wa nyaraka za mazungumzo hayo wanashuku kama sheria hiyo ilikuwepo. Hata hivyo silaha ziliondoka, na Wamarekani hawakujua walichonusurika nacho mpaka mkutano wa Havana wa Januari 1992, ambapo Robert McNamara, aliyekuwa Waziri wa Ulinzi wa Kennedy, alimsikia jenerali wa Kisovieti akizitaja. Uvamizi uliokuwa ukiandaliwa kwa wiki ya mwisho ya Oktoba ungekutana nazo. Kama ningetakiwa kuchagua kazi moja ya kidiplomasia iliyofanywa vizuri kuliko zote katika mgogoro ule, ningechagua wiki tatu za Mikoyan, kazi isiyokuwa na kamera wala hotuba, iliyofanywa kwa mshirika na siyo kwa adui.

Matunda mengine yanajulikana zaidi. Juni 1963 yalitiwa saini makubaliano ya kuunganisha Washington na Moscow kwa mtambo wa maandishi wa moja kwa moja, na tarehe 5 Agosti mkataba wa kupiga marufuku majaribio ya nyuklia angani, majini na anga za juu. Mwaka 1967 nchi za Amerika ya Kusini na Kati zilitia saini mkataba wa Tlatelolco wa kulifanya eneo lao lisiwe na silaha hizo. Cuba yenyewe ilisubiri mpaka 2002 kuuridhia.

Jupiter za Uturuki ziliondolewa kufikia mwisho wa Aprili 1963, kimyakimya, kama ilivyoahidiwa. Gharama ya ukimya huo ililipwa na watu mbalimbali. Stevenson, aliyethubutu kupendekeza badilishano la Uturuki ndani ya kamati, alichafuliwa mwezi Desemba 1962 katika makala ya gazeti iliyomchora kama mtu aliyetaka Munich nyingine, mmoja wa waandishi wake akiwa rafiki wa rais ambaye alikuwa ameshalifanya badilishano lile lile. Khrushchev, aliyeondolewa madarakani Oktoba 1964, alibeba lawama ya kushindwa Cuba bila kuweza kuwaonyesha wananchi wake alichokipata. Kumbukumbu za Robert Kennedy zilizochapishwa mwaka 1969, baada ya yeye kuuawa, zilisema kwamba hapakuwa na mapatano yoyote juu ya Uturuki. Miaka ishirini baadaye Theodore Sorensen, aliyezihariri, alikiri kwamba shajara zenyewe zilisema vingine na kwamba yeye ndiye aliyebadilisha.

Mzito kuliko yote ulikuwa urithi wa ndani. Makamu wa Rais Lyndon Johnson hakuwa miongoni mwa wachache walioitwa katika ofisi ya rais jioni ile ya tarehe 27, na alipourithi urais mwaka mmoja baadaye alirithi pamoja nao simulizi ya kwamba adui akibanwa kwa hatua zinazopanda polepole hatimaye husalimu amri. Kwa mantiki hiyo hiyo Vietnam Kaskazini ilianza kupigwa mabomu kwa vipimo mwaka 1965, ikitarajiwa kwamba Hanoi nayo itapepesa macho. McGeorge Bundy, mshauri wa usalama wa taifa wa marais wote wawili, aliandika mwaka 1988 kwamba kwa kuificha ahadi ya Jupiter waliwapotosha wenzao, wananchi wao, warithi wao na washirika wao. Alikuwa anajua anachokisema. Johnson alipoamua kupeleka vikosi vya nchi kavu Vietnam, waliokaa naye mezani walikuwa Rusk, McNamara na Bundy, na wote watatu walikuwemo katika ofisi ya rais jioni ile ahadi ya Uturuki ilipokubaliwa.